Dirisha la Saruji

Asubuhi ile mke wangu Xavérine aliamka kabla yangu, kama kawaida. Alikoroga uji wa mtama, akanipa kikombe changu, akakaa kwenye benchi nje, mgongo ukutani, uso kwenye nyumba ya Mugenzi. Nyumba hiyo iko ng'ambo ya bonde dogo, hapa hapa Masaka ya Rwanda. Ukikaa kwenye benchi letu unaiona yote. Aliangalia dirisha la ghorofani, lile la kushoto, akaniuliza alivyoniuliza siku zote, kama wameamka. Nikamjibu nilivyomjibu siku zote, kwamba bado, wanalala kama wake wa matajiri. Akacheka kidogo. Tukanywa uji. Halafu yeye akaenda kwenye maharage na jembe lake, mimi nikaenda kununua chumvi. Niliporudi nilimkuta amelala ubavu katikati ya mistari ya maharage, jembe bado liko mkononi.

Hakuna mtu wa kuamka kwenye dirisha lile. Ni dirisha la saruji. Nyuma yake kuna ukuta wa matofali, na nyuma ya ukuta kuna bafu la Mugenzi. Xavérine alilitengeneza kwa mkono wake. Nikitaka kusema mke wangu alikuwa nani, lazima nipite hapo.

Tulikulia Bujumbura sisi wawili, watoto wa wakimbizi waliotoka huku. Tulikutana Buyenzi, mtaa wa Waswahili, ndiyo maana nyumbani tulisema Kiswahili mpaka mwisho. Yeye alianza kwa kubeba maji na mchanga kwenye ujenzi, msichana bado. Kapita wao, msimamizi wa mafundi, mzee Nduwayo, aliona ana mkono mtulivu, akampa mwiko. Wanaume walimcheka, halafu wakaacha, kwa sababu ukuta wake ulikuwa unateleza kama sahani.

Nduwayo alifundishwa na Wabelgiji na aliamini mafundisho yao kuliko padri anavyoamini yake. Nyumba kwake ilikuwa boksi: paa bapa, kuta nyeupe, madirisha yamepangwa mstari. Kila kitu kiwe na kazi. Nguzo ibebe, dirisha lilete hewa, mlango upitishe watu. Fundi akiweka ua la saruji juu ya mlango, Nduwayo alilibandua kwa nyundo na kumuuliza kama lilikuwa linazuia mvua. Xavérine alifanya kazi hivyo miaka mingi, mpaka imani ile ikaingia nyumbani kwetu. Hakutaka picha ukutani. Kalenda ya parokia niliitundika nyuma ya mlango.

Tulirudi Rwanda mwaka wa tisini na tano, tayari tuna binti yetu, Gwiza. Kitu cha kwanza Xavérine alichotaka ni kwenda kwenye kilima cha kwao. Alitoka pale akiwa mgongoni mwa mama yake, hakukumbuka lolote. Alichojua ni alichosimuliwa. Baba yake alikuwa katekista, akajenga nyumba ya matofali yenye dirisha moja upande wa njia. Siku ya kukimbia, bibi yake alikataa kutoka, akasema miguu haitafika. Mama yake alipogeuka mara ya mwisho aliona ubao wa dirisha umefunguliwa kidogo, na vidole vya bibi vimeushika. Basi. Hakuna aliyemwona tena. Mama yake alisimulia hivyo mpaka anakufa, na kila mara alionyesha kwa viganja: ubao ulifunguka hivi, si zaidi.

Kwenye kilima tulikuta mikaratusi mitupu. Hakuna nyumba, hakuna tofali, hakuna wa kutuambia bibi alilala wapi. Xavérine alizunguka kati ya miti. Halafu akasema turudi, Gwiza ana njaa.

Miaka ikapita, Mugenzi akanunua kiwanja ng'ambo yetu. Ni mtu aliyekulia Uganda, pesa zake zilitoka kwenye mabati. Alileta mchora ramani kijana, Rodney, naye wa huko Uganda, amesoma mbali. Xavérine alichukuliwa kwa kazi ya plasta. Siku ya kwanza alirudi amenuna. Alisema mbele ya nyumba kuna nguzo ambazo hazibebi kitu, na moja haifiki hata juu. Juu ya mlango kuna pembetatu kama ya kanisa, halafu imekatwa katikati makusudi. Na ghorofani kijana anataka dirisha lisilofunguka.

Kesho yake alimuuliza Rodney, mbele ya mafundi wote, kama mama yake anajua anachofanya huku. Rodney alicheka zaidi yao. Akakaa naye juu ya mifuko ya saruji akamweleza. Alisema wale waliomfundisha Nduwayo walidhani dunia inaanza upya. Kwa hiyo walifuta kila kitu cha zamani kwenye nyumba, nguzo za urembo, matao, maua, yote. Nyumba zikawa safi, na zikawa bubu. Boksi la Bujumbura na boksi la Ulaya ni moja, halikwambii uko wapi wala nani alikuwepo kabla yako. Baadaye wakaja wengine waliochoka na boksi. Wakarudisha nguzo na matao, lakini hawakuvirudisha kama vilivyokuwa. Wakavikata, wakavichanganya, wakavitania, ili mtu akipita akumbuke kitu na pia acheke. Ni mchezo, mama, alisema. Mchezo wa kukumbuka.

Xavérine akasema, "Kumbe inaruhusiwa."

Ramani ilionyesha dirisha lililofungwa. Yeye alitengeneza ubao mmoja umefunguka kidogo, kama mama yake alivyoonyesha kwa viganja. Ndani ya mwanya alichimba kwenye plasta, akapaka saruji iliyochanganywa na masizi, pakawa peusi. Nilipompelekea chakula nilimkuta peke yake juu ya jukwaa la mbao, anatengeneza vidole. Vidole vidogo, kwenye ukingo wa ubao. Ukiwa chini huvioni, lazima uambiwe. Rodney alipanda akaviona. Akauliza dirisha lile limetoka nyumba ya nani, na Xavérine akamwambia. Tangu siku hiyo kijana hakusema tena neno mchezo.

Mara moja Mugenzi alitaka kulitoboa, bafu lake lina giza. Alikuja mwenyewe hapa kwenye benchi. Xavérine alimjibu kwa maneno machache, Mugenzi akaondoka anacheka, lakini hakulirudia jambo hilo.

Sasa mimi ndiye ninayekaa kwenye benchi. Jioni jua linaipiga nyumba ile kutoka upande wetu. Na ule mwanya, nasema ninachokiona, umeongezeka tangu tumzike. Nilimwambia Gwiza macho yangu yamechoka. Alikuja kutoka Gikondo akanipeleka nikapewa miwani. Kwa miwani naona vizuri zaidi: umeongezeka. Hata vidole, ambavyo kutoka hapa haviwezi kuonekana, siku nyingine naviona. Na chini yake mkono wa pili, wenye kidole kilichopinda kama cha mtu aliyeshika mwiko maisha yake yote.

Niligeuza benchi. Nikawa nakaa nimeangalia ukuta wangu, na mgongo unajua kilichoko nyuma yake.

Mwezi uliopita, asubuhi moja, akaja Ihirwe, binti wa Mugenzi. Baba yake amehamia Kabuga kwa mwanawe, nyumba kamwachia yeye. Ihirwe ni mtu wa heshima, alinipa pole upya kama vile msiba ni wa jana. Halafu akasema anatengeneza nyumba. Siku hizi watu wanataka mistari mitupu na vioo, hayo mengine ni ya zamani. Nguzo ameshavunja, pembetatu ameshabandua. Nikafikiri Nduwayo angefurahi. Kilichobaki ni lile dirisha. Analitaka liwe dirisha kweli, kioo toka juu hadi chini, lakini ameambiwa ni mkono wa marehemu, kwa hiyo amekuja kuniuliza.

"Mzee, ukikataa nitaliacha," alisema. "Lakini halifunguki. Linakusaidia nini?"

Nilitaka kukubali. Neno moja tu, wapige nyundo, na mimi nirudishe benchi langu nikae kama watu. Niliogopa kile kitu, sifichi.

Fundi wake alikuwa amesimama nyuma yake. Akasema yeye alipanda jana kugonga plasta. Ukuta wote ulikuwa unachoma kwa jua, lakini alipoingiza mkono kwenye ule mwanya pakawa baridi, kama ndani ya nyumba ya udongo. Ihirwe akamwambia aache hadithi.

Nikageuka. Ilikuwa mara ya kwanza baada ya siku nyingi. Mwanya ulikuwa pale pale, mweusi, na nikasikia jibu langu la kila asubuhi limenitoka mdomoni.

"Bado," nilisema.

Ihirwe akauliza bado nini. Nikamwambia mimi sina maneno, mwenye maneno alikuwa mke wangu, na jibu alishampa baba yake, hapa hapa kwenye benchi hili. Nikamwambia jibu lile kama lilivyo. Akaangalia ng'ambo muda mrefu, mkono juu ya macho kuzuia jua. Halafu akamwambia fundi kwamba bafu litapata dirisha upande wa nyuma.

Benchi nimelirudisha. Nguzo hazipo, pembetatu haipo, ukuta wa Ihirwe ni mweupe na unateleza kama sahani, na katikati ya weupe huo liko lile dirisha peke yake. Asubuhi nakunywa uji na kuliangalia.

Alichomwambia Mugenzi ni hiki: "Ukilifungua, bwana, utakuta bafu lako. Ukiliacha hivyo, kwetu bado kuna mtu."