Kurasa za Hasira Zilifungiwa Karanga

Niseme wazi tangu mwanzo: sikuanza kusoma kitabu cha saikolojia kwa sababu ya kupenda elimu. Nilianza kwa sababu niliiogopa mikono yangu mwenyewe.

Mtoto wangu alikuwa hajaanza kutambaa. Tuliishi Bariadi, nyumba ya kupanga, chumba kimoja na pazia katikati. Ulikuwa msimu ule wanunuzi binafsi walipoingia kwenye pamba kwa kishindo. Mume wangu alikuwa karani wa chama cha ushirika; chama kilipoyumba akapunguzwa, akapata kibarua kwa mnunuzi mmoja, kukaa na mizani huko vijijini. Akiondoka, anarudi siku watakayomruhusu. Mimi nabaki na mtoto, ndoo na jiko la mkaa. Nilikuwa nimemaliza kidato cha nne. Nilijua kuchora figo na kutaja mito ya mabara ambayo sitafika. Hakuna mwalimu aliyenifundisha ufanye nini mtoto anapolia tangu asubuhi, umemnyonyesha, umembadilisha, umembeba, na bado analia huku anakutazama kama wewe ndiye uliyemkosea.

Basi mchana mmoja nikamlaza mkekani kwa nguvu kuliko mtoto anavyotakiwa kulazwa. Hakuumia. Alishtuka tu, akanyamaza, akanikodolea macho. Nilitoka nje mbio, nikachukua mwiko, nikaupiga mpapai wa mwenye nyumba mpaka mwiko ukakatika. Nilipogeuka, mama mkwe wangu alikuwa amesimama uani na furushi kichwani, ameshuka sasa hivi kwenye lori kutoka Mwandoya, amekuja kumwona mjukuu.

Nikapiga magoti kumwamkia kwa Kisukuma, kipande cha mwiko kikiwa bado mkononi.

"Mwadila, mayu," nikasema, yaani habari za mchana, mama.

"Mwadila," akaitikia. Akautazama mpapai unavyotokwa utomvu. "Huu umekukosea nini?"

Ndani mtoto alikuwa ameanza kulia tena. Aliingia ndani, akamchukua mtoto, na mtoto, msaliti yule, akanyamaza hapo hapo.

Jioni nilipotaka kunyonyesha, aliniwekea mkono begani. Kwao, alisema, mama aliyetoka kukasirika hampi mtoto maziwa yaliyokaa kifuani wakati wa hasira. Anakamua chini kwanza, ndipo anampa. Yakimwingia mtoto atakuwa mtu wa kugombana na ng'ombe na watu. Nikakamua. Ungefanya nini, umekutwa na mwiko uliovunjika? Nilikamua kwenye udongo nikiwa na hasira mpya ya kukamulishwa, nikawaza kwamba kwa hesabu hii sitafika mwisho mpaka nikauke.

Halafu akasema alichoamua. Pamba ikiisha, atamwachisha mtoto ziwa na kuondoka naye Mwandoya. Hakusema kwa ubaya. Mtoto wa kwanza kulelewa na bibi ni jambo la kawaida kabisa kwetu. Ng'ombe wamelipwa, mtoto ni wa ukoo, bibi ana maziwa na nafasi. "Utapumzika, mayu," aliniambia. "Utapata mwingine ukiwa umepoa."

Mume wangu alipokuja na kuambiwa, alitazama chini. "Mama anajua," akasema, akaomba maji ya kuoga.

Sasa hili ndilo lililonitesa: nusu yangu ilitaka kusema mchukue hata leo. Nusu nyingine ingemng'ata mtu yeyote ambaye angemgusa. Nilikuwa na hizo nusu mbili kifuani, kifua hicho hicho cha maziwa, na sikuwa na mtu wa kumwambia bila kuonekana mchawi au kichaa.

Kitabu nilikipata kwa njia ya karanga. Karibu na soko kulikuwa na mzee mmoja Mwislamu mwenye duka, aliyekuwa ameanza kuleta mitumba. Siku hizo robota likifunguliwa mji mzima unajua. Safari moja aliletewa na maboksi ya vitabu vya Kiingereza. Watu walichambua suruali, wakagombea mashati, vitabu hakuna aliyevitazama. Mke wake, aliyekuwa akikaanga karanga pale barazani, akaona vitamfaa. Karanga nilizonunua siku hiyo zilikuwa zimefungwa kwenye ukurasa, na nilipomaliza kula nikaufungua, kwa mazoea tu ya mtu aliyezoea kusoma na sasa hana cha kusoma.

Ulikuwa ukurasa wa kwanza wa sura juu ya hasira. Ulisema, kwa Kiingereza cha chuo nilichokisoma kwa kidole, kwamba anayekasirika mara nyingi huwa na jambo jingine linalomuuma chini yake, na kwamba ili kuitambua hasira vizuri inabidi kwanza... Karatasi ikaishia hapo. Iliyobaki ilikuwa chumvi.

Nilirudi mbio, mtoto mgongoni.

"Shikamoo baba. Kitabu cha karatasi hii kiko wapi?"

"Marahaba binti. Karanga zina mchanga?"

"Hazina. Nataka kitabu."

Akanitazama kama mtu aliyeomba ganda badala ya ndizi. Mke wake akakivuta kutoka chini ya kiti. Jalada halipo, mwanzo umeliwa. "Hiki nakitumia," akasema. "Ukikichukua nitafungia nini?"

Nikaenda nyumbani, nikaleta madaftari yangu yote ya sekondari, baiolojia, jiografia, kila kitu. Yule mama akayapima kwa mkono, akachekelea. Tukabadilishana. Kwa muda mrefu baadaye nilikuwa nikikuta mwandiko wangu barabarani, figo yangu imekanyagwa na baiskeli.

Kitabu kilikuwa juu ya mambo yanayompata binadamu moyoni: hofu, huzuni, aibu, furaha, wivu. Kila moja na sura yake. Hasira haikuwepo. Zile kurasa za katikati, zote, zilikuwa zimekwenda na karanga. Nilikaa kwenye kigoda nikacheka kwa uchungu. Kati ya yote, hiyo!

Nilianza kusoma hata hivyo, mtoto akilala. Na nilikasirika na kitabu pia, kwa sababu aliyekiandika hajawahi kupanga chumba kimoja. Ukizidiwa na hofu, anasema, nenda chumbani kwako, funga mlango, vuta pumzi taratibu. Nilifunga pazia. Upande wa pili mama mkwe alikuwa anachambua mboga na kukohoa. "Unaumwa?" akauliza. "Navuta pumzi," nikamjibu. "Kwani siku zote ulikuwa unafanyaje?"

Lakini kuna kurasa zilinishika mkono. Kilisema mtu anaweza kumpenda na kumchoka mtu yule yule kwa wakati mmoja, na hajawa mnyama. Sentensi hiyo niliisoma mpaka nikaijua kwa moyo. Hakuna mtu, si mama yangu, si mkunga, aliyewahi kunipa sentensi kama hiyo.

Mama mkwe alikiita kitabu changu "makaratasi". Kila akiniona nayo alisema chini chini, lakini ili nisikie, kwamba ndiyo yanayoniwasha moto. Ukisoma habari za hasira kutwa, hasira si itakuja kukaa na wewe?

Aliyebadilisha mambo ni mpangaji mwenzetu, mama muuza dagaa. Aliwahi kuniuliza ninasoma nini nikamwambia kitabu cha mambo ya moyoni mwa watu, ila kurasa nyingine zimefungiwa karanga. Asubuhi moja akaja na kifaranga kwapani, akaniamkia kwa Kisukuma.

"Mwangaluka. Nimekuja kwenye kitabu."

"Mwangaluka. Na kifaranga?"

"Cha kufungulia."

Nikaelewa. Kwetu mtu mwenye shida akienda kwa mfumu, mganga wa jadi, anapeleka kuku. Kuku anapasuliwa, shida inasomwa ndani. Haiulizwi mikono mitupu. Yeye amesikia kuna kitabu kinachojua ndani ya watu, amefanya kama adabu inavyotaka.

"Dada, hiki si cha ramli. Ni cha kusoma tu."

"Soma basi. Kifaranga shika."

"Sishiki."

"Shika, bwana, kinanichafua."

Nikashika. Akasema, akiangalia mlangoni, kwamba tangu amzike mama yake ni miezi sasa, na analia ovyo. Anapima dagaa, machozi. Mteja anamwambia dagaa wako wamezidi chumvi. Watu wanasema karogwa.

Nilitafuta sura ya huzuni, nikamsomea sentensi moja moja, nikiigeuza Kiswahili, na palipogoma nikaigeuza Kisukuma. Kwamba huzuni haifuati kalenda. Kwamba huweza kurudi mtu akiwa kazini, kwa harufu au kwa wimbo. Kwamba si ugonjwa wa akili.

"Kwa hiyo sijarogwa?"

"Kitabu hakijasema umerogwa."

"Hakijasema, au ndiyo huo ukurasa uliofungiwa karanga?"

"Hizo zilikuwa za hasira."

Akalia pale pale, akajifuta na ncha ya kanga, akacheka, akaenda kuuza dagaa. Kifaranga hakukichukua. Nyuma ya pazia nikasikia kigoda kinaburutwa. Mama mkwe alikuwa amekisogeza karibu.

Alipotokea alikuwa na mtoto mapajani. Hakuniuliza juu ya huzuni. Akasema, "Tafuta hasira. Nataka kusikia maziwa yako wanayasemaje."

"Haipo, mayu. Nilimwambia dada. Watu wa sokoni wamefungiwa karanga."

Akafikiri. Halafu akaanza kucheka, mwili mzima, mpaka mtoto naye akacheka bila kujua anacheka nini. "Kumbe Bariadi nzima wamekula hasira! Ndiyo maana wapima pamba wa huku wana midomo michafu!" Ilikuwa mara ya kwanza mimi na yeye kucheka pamoja.

Nikamwambia kuna picha. Mwisho wa kitabu kulikuwa na karatasi ya kung'aa yenye nyuso za Wazungu, kila mmoja na hali yake. Mama wa karanga alikuwa ameiacha kwa sababu karatasi ya kung'aa haishiki mkunjo. Ukifungia kitu inafumuka. Mama mkwe akaniambia nisimtajie yaliyoandikwa chini, atasoma mwenyewe. Alikuwa hajui hata herufi moja.

"Huyu anaumwa jino." Chini paliandikwa huzuni. "Huyu kaona nyoka." Hofu, hiyo alipata. "Huyu amekunywa." Furaha. Nikamkatalia, akasema nimtazame macho vizuri, huyo amekunywa.

Akafika kwa mwanamke mmoja, kijana, meno yamebana, mishipa ya shingo imesimama. Hapo alikaa. Mtoto alitaka kuivuta karatasi, akamshika mkono.

"Huyu kanyang'anywa mtoto," akasema.

Chini paliandikwa hasira. Sikumwambia.

Akaendelea kuitazama ile karatasi huku anaongea nayo, si mimi. Kumbe wifi yangu mkubwa, dada wa mume wangu, ndiye aliyekuwa mtoto wake wa kwanza. Alipoachishwa ziwa alichukuliwa na mama mkwe wake yeye wa enzi zile, akapelekwa upande wa Mwanhuzi. Mama mkwe wangu wakati huo alikuwa binti kama mimi. Maziwa yalimjaa, akawa anakamua mchangani nyuma ya zizi. Alipokwenda kumwona, mtoto alipiga magoti, akamwamkia vizuri sana, kama anamwamkia mgeni aliyekuja kuulizia ng'ombe.

"Ulifanya nini, mayu?"

"Nikaitikia."

"Hukukasirika?"

"Nilinyamaza. Kila mtu alisema nina tabia nzuri. Mpaka leo wanasema." Akamweka mtoto sawa mapajani. "Na yeye mpaka leo akija ananiamkia hivyo hivyo. Vizuri sana."

Ningependa kuandika kwamba nilimkumbatia. Sikumkumbatia. Nilikasirika, kwa niaba yake na kwa niaba yangu, nikamuuliza kwa sauti ambayo mkamwana hatakiwi kuitumia: "Sasa mbona unataka kunifanyia mimi?"

Nilijua nimevuka mpaka.

"Kwa sababu niliona ule mpapai," akasema. "Nikasema huyu ananuna kwa mikono. Mimi sikuwa na mikono ya kununia. Nikaogopa."

"Hata mimi naogopa," nikamwambia. Ndiyo mara ya kwanza kulitamka.

Alimpiga piga mtoto mgongoni. Mwishowe akasema, kama mtu anayepanga kazi za shambani, kwamba mtoto hatakwenda Mwandoya. Yeye ndiye atakayebaki, mpaka mvua zianze na mashamba yamwite. "Ukisikia inapanda, usingoje ifike mikononi. Nipe mtoto, nenda kwenye mpapai wako. Ila mwiko mwingine sinunui. Chukua kuni."

"Na maziwa? Nikamue?"

"Kamua," akasema. "Hapo sijabadilika."

Mume wangu aliporudi akauliza tumeamua nini. Mama yake akamjibu kwamba mambo ya ndani hayapimwi kwa mizani, aende akaoge.

Tulikaa hivyo msimu mzima. Nilimkabidhi mama mkwe mtoto mara nyingi, nyingine nusura nimrushie. Mwenye nyumba alilalamika juu ya mpapai, na mama mkwe akamwambia mti una wadudu. Ulikauka kweli. Sijapoa; mtoto sasa anakwenda chekechea na bado nina hasira na mume, na bei ya kila kitu, na anayeandika vitabu akidhani watu wote wana mlango. Lakini mikono yangu naijua sasa.

Siku anaondoka, mvua zimeanza, furushi limefungwa, lori linapiga honi barabarani, mama mkwe akaniomba ile karatasi ya nyuso. Nikamwambia kitabu kimechanwa vya kutosha.

"Si zote," akasema. "Yule binti tu."

Nikachukua wembe, nikamkata yule mwanamke taratibu kufuata ukingo wa picha. Akamkunja, akamweka kwenye pindo la kanga. Karatasi ikafumuka. Akamkunja tena, akabana kwa kiganja, akapanda lori. Lilipoondoka niliona bado amebana.