Nilinunua hisa za mchoro, mama mwenye nyumba wangu hapa Bariadi akamuona marehemu mumewe

Wakuu, poleni na majukumu. Hili limenitokea mwenyewe na sina sababu ya kutia chumvi. Mtakaosema chai nawaelewa, hata mimi ningesema.

Mimi ni mtu wa Tanga, mfamasia, kazi ndiyo imenileta huku Bariadi. Nimepanga Somanda kwa mama mmoja Msukuma, mjane, kwao Mwamanyili kule Busega. Tumwite Mama Ng'washi. Ana genge la mchele na dagaa mbele ya nyumba. Ananiita dokta, nimemkatalia hadi nimechoka.

Sasa kuna kampuni moja ya Dar inauza hisa za michoro. Yaani mchoro wa bei mbaya wanaugawa vipande kwenye app, mnanunua watu wengi, mnaumiliki pamoja. Ukija kuuzwa mnagawana.

Najua mnachowaza. Hata mimi niliwaza upatu. Nikaweka kidogo, kile ambacho kikipotea bado nalala usingizi.

Nilichagua mchoro ulioandikwa "Mkulima, Busega", kwa vile ni jirani na hapa. Mwanaume anageuza jembe la ng'ombe mwisho wa shamba, shati kalifunga kiunoni. Basi.

Jioni moja nikamuonesha Mama Ng'washi pale gengeni, ili tucheke nilivyotupa hela yangu. Akaichukua simu. Hakucheka.

"Dokta, huyu umemtoa wapi?"

"Ni mchoro tu, mama."

"Huyu ni Masunga, baba Ng'washi. Na huyu ng'ombe wa pembe moja ni wetu."

Akakaa chini, juu ya gunia la mchele.

Kumbe zamani kuna kijana mchoraji alifikia kwao msimu wa kulima. Wakampikia michembe, vile viazi vitamu vya kukausha, akawa anashinda nao shambani. "Mume wangu alijua kijana anachora ng'ombe tu," akaniambia. Baadaye nyumba yao ikaungua, picha zote zikateketea. Mzee akafariki. Hakubaki na hata picha moja ya kuwaonesha wajukuu.

Wakuu, siku ile nilimwachia simu akae nayo hadi alipofunga genge.

Haukupita muda, taarifa ikaja kwenye app: mteja amepatikana, anataka kuupeleka nje ya nchi, wenye hisa tupige kura. Nikaenda kwenye group la wenye hisa nikaandika kisa chote.

Mmoja akajibu, "Hii ni biashara, siyo msiba." Wengine kimya. Kura zikapita, mchoro uuzwe. Nikajua imeisha hiyo.

Kesho yake akanipigia dada mmoja wa ofisini kwenye ile kampuni, Neema. "Kaka, nimesoma kisa chako. Mchoro unaletwa Mwanza mteja auone kwa macho. Mlete mama."

Na nauli yetu wakachanga watu wa group. Aliyeanza kutuma ni yule yule wa "siyo msiba". Sijawahi kumuona hadi leo, ila Mungu ambariki.

Mwanza Mama Ng'washi alivaa kitenge kipya kabisa. Alipofika mbele ya ule mchoro akapiga goti, vile wanawake wa huku wanavyosalimia.

"Mwadila, baba."

Kisha akaanza kucheka, machozi yanamtoka. "Yaani bado tu hajamaliza hilo shamba!"

Mteja, baba mmoja wa makamo, akaomba aelezwe. Alipoelezwa akasogea. "Mama, nikiuchukua hutaumia?"

"Chukua, baba. Ila andika jina lake. Huyu siyo mkulima tu, alikuwa na jina."

Akaandika. Na kabla ya kusafiri akatengeneza nakala ya ukubwa ule ule, yenye fremu, akaituma hadi Somanda.

Faida nilipata, ya kawaida tu. Siyo hiyo iliyonifanya nianzishe uzi.

Ukiingia sebuleni kwa Mama Ng'washi sasa hivi utakuta wajukuu wanabishana nani kachukua pua ya babu. Ng'washi mwenyewe, mtu mzima mwenye ndevu, akija anasimama pale kwanza kabla hajakaa.

Nilichojifunza: tusiwafiche jirani zetu mambo yetu madogo. Ningeona aibu kuionesha ile simu, mzee angepaa bila mtu wake kumuaga. Nawashukuru wote, hata waliokaa kimya kwanza.

Aliyewahi kukutana na mtu wake mahali asipotegemea, atusimulie hapa. Na wa maswali ya hisa karibuni, ila mimi siyo wakala wao.