Aliyetuliza Dari la Mama

Ukitaka kucheka, cheka sasa, kabla sijafika mbali. Haya yamenipata mimi mwenyewe, mchana kweupe, hapa hapa Mocímboa da Praia, na dari lenyewe lipo. Njoo uliguse.

Tuliporudi kutoka Pemba, hii ya kwetu Msumbiji si ile ya kisiwani, baada ya vita, Mama aliitaka nyumba yake ya zamani, ile ya mawe na chokaa, yenye boriti za mikoko na sakafu ya mbao juu yake. Yeye akachukua chumba cha chini, kaka yangu na watoto wake wakakaa ghorofani. Shida ikawa miguu. Mtoto akikimbia juu, Mama anaingia uvunguni mwa kitanda, mtu mzima yule. Siku ya mashambulizi alijificha pale pale, wenye bunduki wakitembea juu ya kichwa chake. Mwishowe kaka akasema kama Mama hapati usingizi hapa, tumrudishe Pemba. Mama alilia kama anayefukuzwa kwake.

Basi nikatafuta sponji za godoro, nikapanda juu ya meza chumbani kwa Mama, nikawa nazishindilia katikati ya boriti. Kazi bure, niamini. Miguu ilisikika vilevile.

Alasiri moja kaka na watu wake wametoka, Mama yuko uani, nikasikia hodi. Alikuwa bibi mmoja, uso kaupaka msiro mweupe kama wanawake wetu wafanyavyo, gunia kichwani. Sikumjua, na sikushangaa; niliolewa Pemba zamani, wapangaji wa Mama waliokuja baada yangu siwajui kwa sura. Akatazama dari, akaguna.

"Mwanangu, wewe unaziba chini, na mguu unagonga juu. Kishindo kinashuka na mti wenyewe. Kakitulize huko huko juu."

Gunia lilijaa usumba, zile nyuzi za makumbi ya nazi yaliyofukiwa kwenye tope la pwani mpaka yakalainika. Tangu vita, nani tena huku anafukia makumbi? Hilo nilipaswa kujiuliza, sikujiuliza. Tukapanda ghorofani, nikang'oa mbao za sakafu kwa mtaimbo, yeye akatandaza usumba juu ya kila boriti, kisha tukarudisha mbao. Akanikataza kabisa kupigilia misumari kwenye boriti. Mbao tuziunge zenyewe kwa zenyewe, zikalie usumba tu. Juu yake tukatandika mikeka.

"Sasa shuka kwa mama yako," akasema. "Mimi nitatembea, wewe sikiliza."

Nikamwita Mama kutoka uani, tukaketi kitandani kwake. Kimya. Nikaita, "Bibi, tembea basi." Akajibu kutoka juu kwamba ameshavuka chumba chote. Hapo Mama akanikamata mkono.

"Hiyo ni sauti ya Somoe."

Somoe alikuwa mpangaji wetu wa juu, msuka kamba za usumba. Jina lake nilikuwa nalijua kwa kusimuliwa na Mama, kwa sababu siku ya mashambulizi wale wenye bunduki walimuuliza chini kuna nani, naye akawajibu, "Chini hakuna mtu." Mama alilisikia kila neno kupitia dari. Wakaondoka naye, na majirani ndio waliomzika.

Nilipanda mbio. Ngazi ni moja, inapita mlangoni kwa Mama, wala hakuna aliyeshuka. Juu hapakuwa na mtu. Gunia tupu lilikuwa limekunjwa vizuri juu ya mkeka, bado lina unyevu wa maji chumvi.

Niliogopa? Sana. Lakini usiku ule Mama alilala. Sasa watoto wanaruka watakavyo, yeye anakoroma, na Pemba haitajwi tena. Tumemsomea Somoe hitima, na kila nikishika udhu namwombea. Nina deni la shukrani nisilojua namna ya kulilipa.

Nawe mwenye nyumba kuukuu, nakuonya: kabla hujaziba dari, uliza kwanza ni nani aliyetembea juu yake, na kwa ajili ya nani. Mgeni akibisha hodi, usimwache mlangoni.

Maana mguu mmoja bado unasikika. Huja alasiri, watoto wakiwa madrasa, mwepesi, juu ya kitanda cha Mama. Yeye haingii uvunguni. Anainua uso, anasema taratibu, "Chini tupo, Somoe. Tunalala vizuri."