Mashine ya Jirani

Nikisafisha zulia hapa Spånga, mashine ya kufyonza vumbi ikianza kutoa harufu ya kuungua, naizima haraka.

Harufu hiyo inanirudisha Fisksätra, mtaa nilikokulia, siku mama alipoazima mashine kwa jirani yetu, bibi wa Kiswidi, aliyesema angeifuata jioni hiyohiyo. Ilikuwa ya Kiingereza, tumbo lake la plastiki inayoonyesha, uchafu unauona ukizunguka ndani.

"Waingereza nao!" mama alicheka. "Taka za mtu zinaanikwa hivi?"

Kisha akafanya kama alivyozoea kufagia uani kwao: akachota maji kiganjani, akanyunyizia zulia lote ili vumbi lisitimke. Ndipo akaiwasha.

Tumbo likajaa tope. Mashine ikakohoa, ikanguruma, ikatoa harufu ya kuungua, ikanyamaza. Mama akabonyeza swichi, akabonyeza tena, akaiwekea kiganja kama anayepima homa.

"Mama, imekufa?"

"Nyamaza, mwanangu."

Tukasikia viatu vya jirani kwenye ngazi. Kengele ikalia. Mama akavua kanga begani, akaifunika mashine gubigubi, ndipo akaninong'oneza, "Haya, kafungue."