Begi la Bibi Lilibaki Kisiwani

Kwa miaka minne nilimhudumia bibi mmoja huko Walthamstow, London. Alizaliwa katika kisiwa cha Bahari ya Baltiki, akaondoka na mama yake kwa mashua wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, akiwa mtoto mdogo. Hakuwahi kurudi. Asubuhi moja nikimpaka mafuta miguuni akaniambia, "Nataka kwenda kwetu kabla sijafa. Utanisindikiza?"

Mwanawe wa kiume akatutafutia tiketi, tukaenda mwezi wa sita.

Sijawahi kuona mahali palipotulia vile. Njia za changarawe, kuta fupi za mawe, misonobari, na bahari iliyolala kama maji ya beseni. Jua halikuwa na haraka. Saa nne usiku ungeweza kutunga uzi kwenye sindano bila taa.

Tulifikia kwa binamu yake, mjane anayefuga kondoo. Bibi aliamini lugha yao imeshamtoka. Siku mbili walitazamana tu na kushikana mikono. Siku ya tatu, tukimenya viazi barazani, bibi akatamka neno moja. Binamu akaacha kisu. Likaja la pili, la tatu, mwisho wakawa wanacheka huku wanafuta machozi kwa aproni. Mimi sikuelewa kitu, lakini nililia nao. Nilimkumbuka mama yangu kule Moshi, na wanangu ninaowasemesha Kiswahili nao wananijibu kwa Kiingereza.

Siku ya kufunga mizigo aliniambia, "Begi langu liache."

"Bibi, ndege yetu ni kesho."

"Ni yako, mwanangu. Mimi nimeshafika."

Nikampigia simu mwanawe. Akaomba azungumze na mama yake. Nikampa bibi simu, nikatoka nje, nikakaa juu ya ukuta wa mawe karibu na kondoo.

Nilirudi London peke yangu. Sasa namhudumia mzee mmoja Harrow, mtu mwema, mwenye televisheni inayopiga kelele kutwa nzima. Nikiwa kwenye treni, nimebanwa na mabega ya watu, kile kisiwa hunijia. Nimezaliwa chini ya mlima. Sijui kwa nini moyo umeng'ang'ania kisiwa cha watu.

Wiki iliyopita bibi alinipigia. Sauti yake ilikuwa nyepesi, na Kiingereza chake kimeanza kukwama.

"Njoo wakati wa baridi," alisema. "Bahari huganda, tunatembea juu yake."

"Nitaanguka, bibi."

"Nitakushika mkono."

Jana niliomba likizo ya mwezi wa pili.