Balo ya Yaya Ilunga

Harufu ya kibofu cha mpira, kile kinachokaa ndani ya balo, naikumbuka kuliko harufu ya chakula chochote cha utotoni. Ilinipanda puani mwishoni mwa kiangazi, uani kwetu Lubumbashi, nikiwa nimejificha nyuma ya safu za matofali mabichi na mkasi wa mama mkononi. Nilikuwa na miaka kumi na nilijiona mwanasayansi. Mwalimu alikuwa ametuandikia ubaoni, kwa Kifaransa, vitu vya kutengenezea kipimo cha hewa kitakachotuonyesha kama mvua inakuja: chupa ya kioo yenye mdomo mpana, mrija wa soda, gundi, na kipande cha ballon. Chupa ya mayonezi ilikuwepo, mrija nao haukunisumbua. Na balo? Kwetu balo ni kitu kimoja tu, mpira wa miguu unaopigwa mtaani, na nyumbani ilikuwepo moja, mpya kabisa, ya kaka yangu mkubwa, ambaye kwetu huitwa yaya. Baba, dereva wa lori, alikuwa amemletea kutoka Kasumbalesa, mpakani. Basi nikachana ngozi, nikatoa kibofu, nikakata.

Yaya Ilunga alikuwa na miaka kumi na minne. Jioni aliporudi akaikuta ngozi tupu, hakunipiga wala hakupiga kelele. Aliniuliza tu, "Weye mutoto, balo yangu ilikukosea nini?" Kisha akanyamaza, siku baada ya siku, na kimya chake kiliniuma kuliko fimbo. Kesho yake darasani niliona wenzangu wameshika puto, zile za rangi za sikukuu. Kumbe kwa Kifaransa mpira na puto ni neno moja! Mwalimu alipoona kibofu changu alicheka mpaka akakaa. Mimi nilitamani ardhi inimeze.

Sasa, yale matofali niliyojificha nyuma yake yalikuwa ya Yaya pia. Alikuwa analala sebuleni, na mama alimwahidi kwamba akifyatua matofali ya kutosha atajengewa chumba chake. Likizo nzima alikanyaga udongo mpaka miguu ikapasuka. Matofali yalikuwa yanakauka yakisubiri tanuru, na tofali bichi likinyeshewa linarudi kuwa tope. Ukiyafunika siku zote hayakauki, ukiyaacha wazi mvua ya kwanza inayamaliza. Nikajiapiza kwamba kipimo changu ndicho kitakachoyaokoa, na huenda Yaya atasema nami tena.

Nilivuta kibofu juu ya mdomo wa chupa, nikakifunga kwa uzi, nikabandika mrija katikati yake, ncha ikielekea kwenye karatasi yenye mistari niliyoibandika ukutani. Mwalimu alisema hewa ya nje ikipungua nguvu, hewa ya chupani hukisukuma kibofu juu na ncha ya mrija hushuka, na hapo mvua iko njiani. Siku ya kwanza ncha ilishuka saa sita mchana. Nikapiga kelele, mama na Yaya wakaburuta turubai, jua likawaka vilevile. Siku ya pili, hivyohivyo. Siku ya tatu mama akachoka nami. "Ile kitu yako iko nasema bongo kila saa sita," alisema, na bongo kwetu ni uongo. Alikuwa na haki. Joto la mchana lilikuwa linaipasha chupa, hewa ya ndani inatanuka, ncha inashuka, na jua likitua inapanda tena. Hilo nilikuja kulijua ukubwani. Wakati ule nilijua tu kwamba nimeaibika, nikaacha kupiga kelele, lakini sikuacha kuangalia.

Ndipo ikaja jioni ambayo ncha haikupanda. Jua lilikuwa limezama, hakuna hata jani lililotikisika, mama anasonga bukari, yaani ugali, na mrija umeinama palepale. Nikisema na mvua isije, nitachekwa mpaka Krismasi.

"Mama, leo haijapanda."

"Acha nimalize bukari yangu," alinijibu bila kugeuka.

Yaya aliinuka. Akaenda kwenye chupa, akainama, akaugusa ule mpira wake kwa kidole. "Balo yangu haiwezi kuniambia bongo," alisema, akatoka. Nikamkimbilia. Tukavuta turubai, yeye kona moja na mimi nyingine, tukaweka mawe, na kabla hatujanawa mikono mvua ikapiga mabati. Jamani, nililia na kucheka kwa pamoja! Mama akaja mlangoni na mwiko mkononi. "Eh, kumbe!" alisema. Tulikula bukari imekwisha poa, na Yaya akanimegea samaki wake.

Siku hizi naishi Kasapa, Lubumbashi hukohuko, na simu yangu inanitajia mvua saa kwa saa. Nayo inasema bongo mara nyingi tu, ila hakuna anayeichoka. Kibofu kilikauka kikapasuka zamani. Chumba kilijengwa, na sasa wanalala humo watoto wa Yaya. Kila mwaka mawingu ya kwanza yakijikusanya Yaya hunipigia simu, mtu mzima na mvi zake, na hata salamu hanipi.

"Balo iko nasema nini?"

"Funika, yaya," namjibu, na tunacheka, maana hakuna tofali la kufunika. Balo ile aliichezea siku mbili tu, na mpaka leo hajawahi kunidai nyingine.