Jini Asiyeonyesha Kwato

Shule nilisoma mpaka darasa la pili, tena hilo la pili lenyewe nusu, kwa hiyo nukta zangu msizikague. Lakini picha za kutisha tumetengeneza, mie na tajiri wangu, hapahapa Temeke, enzi za Mwingereza.

Tajiri alikuwa Mhindi muuza vitambaa, ana kamera ya kuzungusha kwa mkono. Siku moja baharia akamwuzia mikebe miwili ya picha ya Kijapani. Tukaitazama ukutani. Mwanamke, nywele mpaka kiunoni, nguo nyeupe, anakuja lakini hatembei, anaelea. Chini hana miguu!

"Bwana we," tajiri akaruka, "na sisi tufanye hii!"

Tukaenda vichakani Pugu. Jini akawa mke wangu, maana wanawake wengine waliogopa kuchezewa na mashetani. Yeye aliogopa siafu tu. Tukamvika shuka mpaka chini, tukamsimamisha kwenye kigari cha magunia, nikakivuta kwa kamba. Alianguka mara mbili. Nywele zilikuwa za katani, zikamwasha wiki nzima, na wiki hiyo nilipika mwenyewe. Wali wangu ulikuwa bokoboko, Mungu anisamehe. Haya, turudi kwenye picha.

Haikuwa na sauti, kwa hiyo kazi yangu ilikuwa kusimama kando na kuisimulia. Tukaanza kuwaonyesha wanawake, alasiri, ndani ya ghala la vitambaa.

"Wakicheka," tajiri akaninong'oneza mlangoni, "nauza kamera."

Kamera ikiuzwa, mie narudi kubeba magunia.

Jini akatokea. Halafu bibi mmoja wa mbele akauliza, "Mbona hana kwato?"

Hapo ndipo tulipokosea. Pwani nzima inajua: jini mwanamke juu ni mzuri, chini ana kwato za punda. Ukimshuku mtu, unamtazama miguu. Sie tukamfuata Mjapani, miguu tukaificha.

"Miguu! Tuonyeshe miguu!"

"Huyo si jini, shoga, huyo ana matende!"

Ghala zima kicheko. Tajiri kashika kichwa.

Nikafungua mdomo tu, maneno yakaja yenyewe. "Mama zangu, kwato kazificha makusudi. Anayeziona hafiki Ijumaa. Nimwambie ainue shuka?"

"We mwanamume, koma! Asiinue!" Yule bibi akapandisha miguu yake mwenyewe juu ya benchi. Benchi zima likapandisha. Hakucheka mtu tena.

Kamera haikuuzwa. Tulitengeneza picha nyingine, na nyingine, mpaka Mwingereza anafungasha virago, na katika zote shuka halikuinuliwa hata kidole. Mpaka leo mke wangu akienda sokoni, wazee wenzake humtania, "Shoga, hebu inua kidogo tuone!" Naye huishusha khanga mpaka vumbini, anapita akiringa.

Miguu yake naijua mie. Kisigino cha kushoto kina kovu la kile kigari, na jioni huinyoosha mkekani nimkande.